Kagera ina sauti zake, filamu zinaazima za wengine

Mpiga nanga, ala ya nyuzi ya Buhaya, nchi ya Wahaya mkoani Kagera, alifanya peke yake kazi ambayo kwenye filamu ya leo hugawanywa kwa watu wanne au watano. Alisimulia kisa, akaigiza sauti za wahusika, akaimba, na muda wote huo vidole vyake viliendelea kuzichokoa nyuzi. Picha haikuwapo. Kila msikilizaji aliichora mwenyewe kichwani, ameketi kwenye nyasi za msonge, rubisi ikipita mkono kwa mkono na usiku ukisonga. Kwa lugha ya siku hizi tungesema alikuwa mwandishi wa muswada, mwigizaji, mwongozaji na mtunzi wa muziki wa filamu, ila kamera ilikuwa bado haijafika.

Nimeanza na nanga kwa sababu ya tatizo lililo wazi kwa yeyote anayetazama filamu fupi zinazotengenezwa na vijana wetu, za Bukoba na Muleba zikiwamo. Picha zimepigwa vizuri: ukungu wa Kamachumu, migomba, mitumbwi ya Kemondo, mteremko wa barabara unapoingia mjini na ziwa likajitandaza mbele yako. Kisha muziki unaanza, na mtazamaji anajikuta hayupo popote. Ni kinanda cha huzuni kilichopakuliwa bure kwenye intaneti, kinanda kilekile ambacho huenda kimekwisha kutumika kwenye tangazo la bima Malaysia na video ya kipaimara Poland. Macho yako Kagera, masikio yako kwenye ofisi isiyo na anwani.

Ugonjwa huu haukuzaliwa Kagera. Tangu filamu za video ziliposhika kasi Dar es Salaam mwanzoni mwa miaka ya 2000, "Girlfriend" ya mwaka 2003 ikiwa miongoni mwa zilizofungua njia, muziki umepewa kazi moja tu: kumwambia mtazamaji saa ya kulia na saa ya kuogopa. Mtu wa muziki huitwa mwisho, baada ya picha kuhaririwa na fedha kuisha, akaambiwa ajaze. Naye hujaza. Hajaachiwa hata dakika moja ya kimya, kwa hiyo haachi yeye pia. Matokeo ni filamu ambamo mama akimimina chai kinanda kinalia, akimpa mgeni kinalia, mgeni akifa kinalia vilevile, na mtazamaji hana tena namna ya kutofautisha kifo na chai.

Nanga haikufanya hivyo. Chombo chenyewe ni sahili mno kiasi cha kuchekesha: ubao mmoja mrefu uliochongwa ukawa na bonde katikati, na uzi mmoja unaopitishwa kwenda na kurudi kwenye meno ya ncha zake mbili mpaka zinapatikana nyuzi saba au nane. Zamani uzi huo ulikuwa mkano wa ng'ombe, siku hizi nailoni imechukua nafasi. Kwa nyuzi hizo chache mtu aliweza kusimulia utendi wa Rukiza, wa Kachwenyanja, au wa Mugasha, mwenye ziwa na dhoruba zake. Profesa M. M. Mulokozi, mwana wa Kagera ambaye wengi wanamfahamu kwa mashairi na tamthilia zake, alizifanyia tendi hizo tasnifu ya uzamivu katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam mwaka 1986, na kabla ya hapo, mwaka 1983, aliandika makala akiuliza kama wapiga nanga wanastahili kuitwa watunzi wa tendi. Jibu lake lilikuwa ndiyo. Mmarekani Peter Seitel, aliyeishi na Wahaya mwishoni mwa miaka ya 1960 akikusanya hadithi zao, alizirudia tendi hizo katika kitabu chake cha mwaka 1999.

Wasomi hao walishughulika zaidi na maneno, na ni haki yao. Lakini sikiliza rekodi ya nanga ukiwa na masikio ya mtu wa filamu, hata kama Kihaya hukijui, na utagundua jambo jingine. Shujaa anaondoka nyumbani, nyuzi zinazunguka. Shujaa anasalitiwa, nyuzi zinazunguka. Mara nyingi mzunguko ni uleule, wa sauti tano, unaobadilika kidogo tu: unasukumwa mbele hapa, unapunguzwa pale, unaachwa peke yake pumzi moja wakati msimulizi anameza mate. Nyuzi hazikuambii uhisi nini. Zinashika muda, zinakushikilia ndani ya kisa, na uchungu wenyewe unaachiwa sauti ya mtu na kichwa chako. Hilo ndilo somo kubwa ambalo Kagera inaweza kumpa mtunzi wa muziki wa filamu, na ndilo ambalo halijatumika.

Kagera yenyewe si mgeni wa filamu huru, yaani zile zinazotengenezwa bila kampuni kubwa nyuma yake, kwa fedha ya mtengenezaji na marafiki zake. Josiah Kibira, mzaliwa wa Bukoba aliyehamia Minnesota, Marekani, alitoa "Bongoland" mwaka 2003, kisa cha Juma Pondamali, Mtanzania anayehangaika na maisha ya ugenini. Akafuatisha "Tusamehe" mwaka 2005 na "Bongoland II" mwaka 2008. Alithibitisha kwamba kisa cha Kitanzania kinaweza kupigwa kwa Kiswahili penye theluji na bado kikapata watu wake. Upande wa hadithi, basi, njia imeshafyekwa. Upande wa sauti bado ni pori.

Dawa ninayoipendekeza ni muziki wa majaribio. Jina hilo huwafukuza watu, kwa hiyo nieleze. Mtunzi wa muziki wa aina hiyo haanzi na wimbo wala biti. Anaanza na sauti yoyote: mlango, maji, kikohozi, uzi wa nanga uliolegea. Anairekodi, anaivuta ikawa ndefu, anaikata, anaigeuza nyuma mbele, anaipanga juu ya nyingine, kisha anasikiliza kilichozaliwa na kuamua kama kinafaa. Nyingi ya sauti hizo hutupwa. Chache zinazobaki zinakuwa muziki ambao haupo kwenye filamu nyingine yoyote duniani, na gharama yake ni muda.

Vitabu vya Ulaya hupenda kuianzia historia hii Paris mwaka 1948, pale Pierre Schaeffer alipotunga kazi kutokana na sauti za treni. Ukweli ni kwamba Afrika ilitangulia. Mwaka 1944 Mmisri Halim El-Dabh, kijana wa miaka ishirini na ushei, alichukua mashine ya kurekodia kwa waya, akanasa sherehe ya zar ya wanawake jijini Cairo, sherehe ambayo watu wa Pwani wataitambua mara moja kuwa jamaa ya ngoma za kupunga pepo. Kisha akaingia nayo studio ya redio, akazichuja sauti za wanawake wale, akazirudishia mwangwi, mpaka maneno yakayeyuka na kubaki kitu kama upepo unaoimba. Hakuwa na kompyuta. Simu ya kawaida ya leo mfukoni mwa kijana wa Hamugembe ina uwezo ambao El-Dabh asingeuota.

Na malighafi ipo tele. Chukua senene. Novemba na Desemba, Bukoba na Muleba hulala macho. Mabati husimamishwa wima kuzunguka taa kali, mapipa hupangwa chini, jenereta hunguruma kando kama umeme si wa kutegemea. Senene wanakuja kwa taa, wanagonga bati, wanateleza, wanaangukia ndani ya pipa. Kila mtu wa Kagera ana ladha ya senene mdomoni (wanaume hasa, maana mila ya zamani iliwanyima wanawake waliokuwa wakiwakamata, dhuluma ambayo ingestahili filamu yake). Wachache wamewahi kuwasikiliza. Mdudu mmoja kwenye bati ni pigo kavu, fupi, lisilo na mlio wa kubaki. Kumi ni kama mtu anayetafuta kitu gizani. Wakifika maelfu ni pazia zima la mchakacho, linalokua na kupungua bila mpigo unaoweza kuuhesabu.

Mtunzi akiipunguza kasi rekodi hiyo mara nne, sauti yote inashuka oktava mbili. Ule mchakacho unageuka mapigo mazito yanayokuja pasipo ratiba, na bati lenyewe, ambalo awali lilionekana bubu, linaanza kutoa mvumo. Weka mvumo huo chini ya tukio la mtoto anayesubiri matokeo ya mtihani na hakuna atakayejua kwamba anasikiliza senene. Atajua tu kwamba kiti kimeanza kumchoma. Ushauri mdogo wa kifundi: sauti unayokusudia kuipunguza kasi irekodi kwa sampuli 96,000 kwa sekunde badala ya 48,000 za kawaida za filamu, maana ukiivuta itahitaji chembechembe zaidi isije ikawa uji.

Kisha kuna mvua. Bukoba hupata takriban milimita 2,000 kwa mwaka, zaidi ya mara tatu ya Dodoma, na sehemu kubwa huja usiku na alfajiri, ikitoka ziwani na radi zake. Watengeneza filamu wanaichukia. Ndani ya nyumba ya bati mvua ikianza, mazungumzo yamekwisha, na waigizaji hukaa wakisubiri huku siku ya kukodi kamera ikiyeyuka. Mimi naiona kama mwandishi mwenza. Watu wawili wanaogombana, mvua inaanza, midomo inaendelea kwenda lakini hakuna neno linalosikika: tukio kama hilo Bukoba hutokea kila wiki wakati wa masika, na sijaliona kwenye filamu yoyote yetu. Badala yake mvua hunyamazishwa, na kinanda kinaletwa.

Kahawa nayo: buni kavu za robusta zinazoparuzwa kwa reki juu ya mkeka, sauti inayojulikana kwa kila mtoto aliyekulia kijijini. Mashine za kukobolea. Mji una hata kiwanda cha kahawa ya unga, TANICA, chenye mvumo wake. Napita haraka hapa kwa sababu kila msomaji wa Kagera ataongeza orodha yake mwenyewe.

Ila pana sauti moja ambayo tayari imeingia kwenye filamu, ya mivukuto ya kuyeyushia chuma, na lazima nisimame hapo kidogo. Eneo la Katuruka na Kemondo limechimbuliwa tanuri za chuma zenye umri wa takriban miaka 2,000. Katikati ya miaka ya 1970 mwanaakiolojia Peter Schmidt aliwakuta wazee wa Kihaya ambao bado walikumbuka ufundi wa kuyeyusha chuma, akawaomba waufanye tena. Mwaka 1978 yeye na Donald Avery waliandika katika jarida la "Science" kuhusu maarifa waliyoyaona, hasa ule ujanja wa kuingiza mifereji ya udongo ndani kabisa ya tanuri ili hewa ya mivukuto ipate moto kabla ya kukutana na mkaa. Mwaka 1988 ikatoka filamu ya hali halisi kuhusu kazi hiyo, "The Tree of Iron", ya Peter O'Neill na Frank Muhly.

Mivukuto ya ngozi ni bendi. Kila mmoja una pumzi mbili, kushoto na kulia, na watu wanaoivuta hawawezi kukaa kimya kwa sababu wasipolingana moto unazimika. Kwa hiyo waliimba, na nyimbo hizo zilikuwa na mambo ya ndoa na uzazi, maana tanuri lilihesabiwa kama tumbo la mwanamke. Hebu fikiri: mpigo wa kazi, wimbo, pumzi ya ngozi na mlio wa moto, vyote vikitoka mahali pamoja. Mtunzi wa Berlin angelipa fedha nyingi kupata hazina hiyo. Katuruka leo ni eneo la urithi ambalo mgeni anaweza kutembelea, si mbali na Bukoba mjini.

Anayedhani natia chumvi atazame tamthilia ya "Chernobyl" ya mwaka 2019. Mtunzi wake, Hildur Guðnadóttir wa Iceland, hakuajiri okestra. Alikwenda Lithuania kwenye kinu cha nyuklia cha Ignalina kilichokwisha kuzimwa, akarekodi milango, mabomba, vyumba vitupu, na kutoka humo akatengeneza muziki wote pamoja na sauti yake. Alipata Emmy na Grammy. Kinu kiligeuka kuwa ala kwa sababu kisa kilikuwa cha kinu. Kwa kipimo hichohicho filamu ya wafua chuma ingepata muziki wake kwenye mivukuto, na filamu ya wakulima kwenye buni na mabati.

Majirani wameshaamka. Ng'ambo ya Mto Kagera, nchini Rwanda, Saul Williams na Anisia Uzeyman walipiga "Neptune Frost", iliyotoka mwaka 2021, filamu ya kuimbwa kuhusu wachimbaji wa koltani na wadukuzi wa kompyuta. Muziki wake ulianza kutungwa miaka kadhaa kabla ya kamera kuwashwa, na ngoma za wachimbaji ndizo zinazoendesha picha. Kutoka Nairobi yuko Joseph Kamaru anayejiita KMRU, ambaye albamu yake "Peel" ya mwaka 2020 imejengwa kwa sauti za mazingira zilizonyooshwa mpaka zikawa kama mawingu, na yuko Nyokabi Kariũki, ambaye mwaka 2022 alitoa kazi iliyotungwa kutokana na kumbukumbu na sauti za Kenya. Uganda ina tamasha la Nyege Nyege lililoanzia Jinja mwaka 2015, na lebo yake ndiyo iliyoipeleka singeli ya Dar es Salaam Ulaya kupitia mkusanyo wa "Sounds of Sisso" wa mwaka 2017. Kutoka Bukoba kwenda Kampala kupitia Mutukula ni safari ya siku moja, ilhali Dar es Salaam iko zaidi ya kilomita 1,300. Kijana wa Bukoba ana majirani wa kujifunza kwao bila kusubiri makao makuu.

Hata hao majirani hawajamaliza kazi. "Pumzi" ya Wanuri Kahiu wa Kenya, filamu fupi ya mwaka 2009 ambayo wengi huitaja kama mwanzo wa filamu za kubuni za kisayansi kwetu, muziki wake ulitungwa na Mholanzi, Siddhartha Barnhoorn. Ni muziki mzuri. Lakini inaonyesha mazoea: hata pale tunapothubutu kwa picha, kwa masikio tunaagiza nje.

Niweke jambo hili mezani kwa mfano wa kubuni. Filamu ya dakika kumi na mbili, kisiwa cha Goziba wilayani Muleba. Mama mfanyabiashara wa dagaa amekopa fedha, amenunua mzigo wa usiku mmoja wa giza, ameuanika, na mvua inakuja. Hicho ndicho kisa chote. Muziki uwe wapi?

Tukio la kwanza ni alfajiri, mitumbwi inarudi. Injini za nje zina mvumo wenye noti inayotambulika. Mpiga nanga asikilize mvumo huo, akaze uzi mmoja mpaka ulingane nao, kisha apige uzi huo peke yake, polepole. Injini zinapozimwa moja baada ya nyingine, uzi unabaki. Mtazamaji hatajua ni lini mashine iliisha na nanga ikaanza. Tukio la pili, wanawake wanamwaga na kutandaza dagaa: hakuna muziki. Sauti ya mikono yao inatosha, na atakayeongeza kinanda hapo ahukumiwe. Tukio la tatu, mama anatazama wingu. Hapa waingie senene wetu waliopunguzwa kasi, chini kabisa, karibu na kutosikika. Mwongozaji atataka waongezwe. Mtunzi akatae.

Tukio la nne ni mvua, na mvua iwe ya kweli, ya Goziba, iliyorekodiwa Goziba. Ipande juu ya kila kitu, izime hata kilio. Kwa mtu aliyekopa, sauti hiyo ni ya fedha inayooza, na hakuna ala inayoweza kuisema vizuri kuliko yenyewe. Nanga irudi baada ya mvua kukatika, na irudi na mzunguko wake wa kawaida, kama vile hakuna kilichotokea. Huo ukawaida ndio utakaomuumiza mtazamaji. Wapiga nanga wa zamani walilijua hilo.

Kuna mtego ndani ya haya yote. Rahisi sana kuipachika nanga kwenye filamu kama pambo, sekunde ishirini mwanzoni ili watu wa tamasha wajue tuko Afrika, kisha kinanda kiendelee na kazi yake. Hiyo ni heshima ya bandia. Nanga inapoingia kwenye filamu iruhusiwe kuamua urefu wa tukio. Mhariri wa picha akate kufuata mzunguko wa nyuzi, angalau mara moja. Pia ijulikane kwamba nanga na sauti ya mwanamume hukaa kwenye ngazi zilezile, kwa hiyo chini ya mazungumzo ipunguzwe nyuzi. Msimulizi wa kale alilimaliza tatizo hilo kwa kuwa mwenyewe ndiye mwimbaji na mpigaji. Alijua lini avute pumzi. Kwenye filamu ni lazima mtunzi na mwongozaji wakae pamoja, watazame tukio moja moja, na waandike muziki unaingia wapi na unatoka wapi. Kikao hicho kifanyike kabla ya kupiga picha. Kikifanyika baada, kimechelewa.

Swali la masoko linakuja daima: nani atasikiliza muziki wa namna hii? Mwaka 2001 Saida Karoli alitoka Bukoba vijijini na "Maria Salome", wimbo wa Kihaya, na nchi nzima ikaucheza kuanzia Mtwara hadi Musoma ilhali wengi hawakujua anasema nini. Mwaka 2016 Diamond Platnumz na Rayvanny waliurudisha kwa sura mpya katika "Salome". Watu hawakuhitaji kamusi. Sauti ya Buhaya inavuka mipaka ikipewa nafasi. Kwenye muziki wa kucheza imeshavuka mara mbili, kwenye filamu za hadithi bado haijajaribiwa vya kutosha.

Lakini nafasi hiyo isiwe ya wizi. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inalinda kazi ya mtunzi, inamlinda mpigaji aliyerekodiwa, na inagusa pia sanaa za jadi. Ofisi ya Hakimiliki Tanzania (COSOTA) ipo kwa kazi hiyo. Utendi wa Mugasha ni mali ya jamii, ila vidole vilivyoupiga jioni ile ni vya mzee fulani mwenye jina, na mzee huyo ana haki ya karatasi iliyosainiwa, malipo, na jina lake kusomeka mwishoni mwa filamu. Nimeona filamu ambazo dereva wa gari la vifaa ametajwa na mpiga ngoma ametajwa kama "wenyeji". Aibu hiyo haihitaji bajeti kuiondoa.

Muda nao hauko upande wetu. Wapiga nanga walilelewa na vikao vya bia na vikale, yaani makasri ya watawala, na utawala wa machifu ulifutwa kisheria mwaka 1963. Redio ikafuata, kisha televisheni, kisha simu. Rekodi za kina Habibu Selemani, mmoja wa wapiga nanga waliovuma zaidi, ndizo zinazotuonyesha kiwango cha ufundi uliokuwapo. Mkusanyaji wa muziki Hugh Tracey alipozunguka Tanganyika mwaka 1950 na mashine zake za kurekodia aliwarekodi Wahaya pia, na hazina aliyoiacha inatunzwa Makhanda, Afrika Kusini. Nyingine zimo kwenye maelfu ya kanda za iliyokuwa Redio Tanzania, Dar es Salaam. Maana yake ni kwamba kijana wa Nshamba anayetaka kusikia nanga ya kizazi cha babu yake huenda akaipata kwa urahisi zaidi kwa kuandika barua pepe Afrika Kusini kuliko kwa kupanda daladala hadi kijiji cha jirani.

Kwa hiyo ombi langu ni kwa watu wawili. Wewe unayetengeneza filamu: mtafute mtu wa sauti kabla hujamtafuta mtu wa kamera, na umwachie angalau tukio moja lisilo na muziki kabisa. Na wewe ambaye filamu si kazi yako, lakini kwenu Maruku, Kanyigo, Rubya au Kamachumu kuna mzee ambaye bado nanga yake iko darini: mwombe aishushe kiangazi hiki, mvua zikiwa zimekatika na upepo wa ziwa hauingii chumbani. Mpe muda wa utendi mzima, siyo kipande. Zima jenereta, weka simu kwenye kitambaa, mlipe, andika jina lake, jina la kisa, kijiji na tarehe. Nakala moja ibaki kwa familia, nyingine ipelekwe Idara ya Sanaa Bunifu ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam au Taasisi ya Sanaa na Utamaduni Bagamoyo (TaSUBa), ambako mtunzi wa kesho anaweza kuipata.